Jinsi ya kuchagua gemu inayoendana na wewe na maisha yako, hatua kwa hatua

Swali ni lile lile kila mara, linabadilisha nguo tu. "Nimepata kompyuta, nipeni gemu kali." "Nimenunua konsoli, nianze na gemu gani?" "Nina simu mpya nataka gemu isiyoboa." Na majibu nayo ni yale yale, watu kumi wanataja gemu ishirini, kila mmoja anataja anayoipenda yeye, muulizaji anachukua ya kwanza anaidaunlodi usiku kucha, anacheza siku mbili anaiacha, alafu anasema "aah mimi gemu sio kitu changu". Hapo ndo huwa inaniuma, kwa sababu mara nyingi gemu haina shida na yeye hana shida, hawajaendana tu. Mtu mwenye mguu namba 39 umpe kiatu namba 45 alafu useme hajui kutembea?

Kwa hiyo naandika hii sehemu moja ili ukiuliza nikuelekeze hapa. Fuata kwa mpangilio na usiruke hatua ya 1 hata kama unaona inakuchelewesha, maana wengi wanakosea hapo hapo kabla hata hawajaangalia jina la gemu yoyote.

Kabla hujaanza, kuwa na hivi

- Kifaa chako na taarifa zake: aina ya prosesa, RAM ngapi, kadi ya grafiki ipi kama ni kompyuta. Kwenye simu ingia mipangilio, sehemu ya kuhusu simu, vyote viko pale.
- Nafasi iliyobaki kweli kweli. Diski ya GB 512 ikishajazwa mfumo, picha na video zako unaweza kukuta umebaki na GB 90, hiyo 90 ndo namba yako.
- Hali ya intaneti yako, iko muda wote au ya kuhesabu, inakatika katika au imetulia.
- Kiasi cha pesa utakachotoa mara moja, na kiasi utakachokubali kutoa kila mwezi (sifuri nayo ni jibu zuri tu, ila liandike).
- Karatasi au sehemu ya kuandika kwenye simu. Usitegemee kichwa.

Hatua ya 1: Pima muda ulio nao, sio unaoutamani

Hii ndo hatua kubwa kuliko zote, nitakaa hapa kidogo.

Kwa siku saba andika kila ukipata nafasi ya kukaa bila kazi: ilikuwa saa ngapi, ilidumu dakika ngapi, na je kuna mtu alikukatiza. Hilo swali la mwisho watu wanalisahau. Saa moja ambayo hamna mtu atakuita na saa moja ambayo mtoto anaweza kulia muda wowote ni vitu viwili tofauti kabisa kwenye gemu, hata kama saa ya ukutani inasema ni sawa.

Ukimaliza wiki utajikuta kwenye moja ya makundi haya, au katikati ya mawili.

*Vipande vifupi, dakika 5 hadi 20.* Uko kwenye foleni, mapumziko ya kazi, unasubiri kitu. Hapa unataka gemu inayoanza haraka na kuisha haraka. Mechi ya Clash Royale ni dakika tatu, ikifungana inaongezwa kidogo. Mechi ya Rocket League ni dakika tano za uwanjani. Siku moja ndani ya Stardew Valley ni kama dakika 14 za kwako, na gemu inajisevu ukilala mwisho wa siku, kwa hiyo siku moja ya shamba inaingia kabisa kwenye mapumziko ya chai. Tetris nayo bado haijazeeka, imetoka miaka ya 1980 na mpaka leo sijaona gemu inayoeleweka haraka kuliko hiyo.

*Muda wa kati, dakika 30 hadi saa na nusu, ila unaweza kukatizwa.* Watu wengi wenye kazi na familia wako hapa na hawajijui. Tafuta gemu za kuchezeana zamu, yaani gemu inakusubiri wewe ufanye uamuzi na haiendi mbele bila wewe. Slay the Spire ni ya karata, unaweza kuweka chini katikati ya pambano ukaenda kufungua mlango ukarudi baada ya nusu saa, adui bado amesimama pale pale. Into the Breach vile vile. Hades sio ya zamu, ni ya kasi, lakini raundi moja ni kama nusu saa, inasimama ukibonyeza pozi na ukitoka inakumbuka chumba ulichofikia.

*Muda mrefu, saa mbili tatu bila kuguswa.* Hapa ndo zinaingia zile gemu kubwa za stori na dunia pana, The Witcher 3, Red Dead Redemption 2, Elden Ring, na mechi ndefu za onlaini kama Dota 2 ambazo nusu saa hadi dakika 50 ni kawaida na ukitoka katikati unaadhibiwa, na wenzako wanne unawaacha pungufu.

Angalizo: usichanganye "gemu ndefu" na "gemu inayohitaji muda mrefu kwa mkupuo". Stardew Valley unaweza kuicheza masaa 100 na zaidi ila unaila kijiko kijiko. Elden Ring nayo ni ndefu, lakini ukifungua menyu dunia haisimami, adui anaendelea kuja na wewe unatafuta dawa kwenye begi. Mimi nilipopata mtoto niliendelea kulazimisha gemu za aina hiyo miezi kadhaa, kila nikikaribia kumpiga bosi (yule adui mkubwa wa gemu) naitwa, narudi nimekufa, nalala nimekasirika. Nilipohamia kwenye gemu za zamu nikajua kumbe bado napenda gemu, nilichokuwa sina ni muda usiokatizwa.

Andika kwenye karatasi: "Muda wangu ni dakika ___ kwa mkupuo, mara ___ kwa wiki, nakatizwa / sikatizwi."

Hatua ya 2: Jiulize unakaaje unapokaa

Saa nne usiku baada ya kazi ngumu kichwa kimechoka. Jumamosi asubuhi kichwa kipya. Gemu inayokufaa saa nne usiku sio lazima ikufae Jumamosi.

Kama muda wako mwingi ni ule wa uchovu, epuka kuanza na gemu yenye vitufe 16 na mafunzo ya saa tatu. Chukua kitu ambacho mikono inazoea haraka: kujenga, kulima, kuendesha gari, mafumbo madogo. Kama kazi yako ya mchana ni ya kurudia rudia na inakuboa, pengine usiku unataka kinyume chake, kitu cha kuamsha damu au kinachokufanya ufikiri. Hapa hamna sheria, kuna kujijua tu. Nimeona mtu anayefanya kazi ya mahesabu mchana kutwa anarudi nyumbani anacheza Civilization VI iliyojaa namba na anafurahi kweli, mwingine mwenye kazi hiyo hiyo hataki kuona jedwali hata kwenye ndoto.

Hatua ya 3: Andika vitendo, sio mada

Ukiulizwa unapenda gemu gani usijibu "za mpira" au "za vita" au "za magari". Hiyo ni mada. Mada inakwambia picha zitafananaje, haikwambii mikono na kichwa chako vitafanya nini kwa masaa 30.

Chukua mpira. Mtu anasema anapenda mpira. EA Sports FC au eFootball utashika pedi (kile kifaa cha vitufe cha kuchezea), utakimbiza mchezaji, utapiga pasi, vidole vinafanya kazi. Football Manager hugusi mpira hata mara moja, unasoma ripoti, unasajili, unapanga mfumo, unakaa benchi unaangalia kama kocha. Rocket League ni mpira pia, ila unapigwa na magari yanayoruka. Gemu zote ni "za mpira" na mtu anayeipenda moja anaweza asiivumilie nyingine hata dakika kumi. Kijana anayependa kubishana kuhusu usajili na mifumo kuliko kucheza uwanjani, mpe Football Manager utaona hapati usingizi.

Kwa hiyo chagua vitendo vitatu kwenye hivi, au ongeza vyako:

- kujenga na kupanga vitu vikae vizuri (Minecraft, gemu za miji, za mashamba)
- kulenga na kurusha risasi
- kukwepa na kupiga kwa kusoma mwendo wa adui (Hades, Elden Ring)
- kuzurura na kugundua sehemu mpya bila haraka
- kufumbua mafumbo (Portal 2, Return of the Obra Dinn)
- kupanga mbinu na kuona mpango unazaa matunda
- kusoma, kuongea na wahusika na kuamua stori iende wapi (Disco Elysium, ile ina maandishi mengi sana, kama hupendi kusoma usiiguse)
- kushindana na binadamu mwenzako na kupanda daraja
- kukusanya, kukamilisha, kujaza orodha
- kuogopeshwa

Kama unashindwa kuchagua fikiria nje ya gemu. Ukiwa mtoto ulikuwa unajenga vitu au ulikuwa unakimbizana? Ukikaa na wenzako unapenda karata na bao au unapenda kusikiliza hadithi? Ukiingia mji mgeni unatembea bila mpango au unatafuta ramani kwanza? Hii sio saikolojia ya kina, ila inasaidia kuliko kuangalia trela.

Angalizo kuhusu trela: trela inakuonyesha filamu. Mara nyingi vile vipande vizuri ni vya stori ambavyo wewe unaangalia tu, pedi iko mapajani. Kuna gemu nilinunua kwa trela ya joka linaloungua angani, nimecheza masaa sita nakusanya kuni na mawe. Walioipenda wanapenda kukusanya kuni na mawe, na wako sahihi, mimi ndo sikuangalia kitendo.

Hatua ya 4: Peke yako au na watu?

Peke yako kuna raha yake, unasimama unapotaka, hamna anayekusubiri, na gemu nyingi ukishaidaunlodi inacheza hata intaneti ikikatika.

Na watu, uliza kwanza: watu gani? Kama ni wageni wa mtandaoni, jiandae na watoto wenye vidole vyepesi ajabu na watu wenye midomo mibaya. Sauti za wengine unaweza kuzizima kwenye mipangilio na mimi nashauri anayeanza azizime siku ya kwanza kabisa, hutopoteza kitu. Kama ni marafiki zako, hakikisha mambo matatu: wana kifaa gani, wanapatikana saa ngapi, na gemu inaruhusu mtu wa simu acheze na wa konsoli au wa kompyuta? Sio zote zinaruhusu. Fortnite inaruhusu kuchanganya vifaa, Rocket League inachanganya konsoli na kompyuta, nyingine mpaka wote muwe na kifaa aina moja, na hiyo watu wanaigundua wakishalipa.

Kwa wawili, mke na mume, ndugu, marafiki wa chumba kimoja, It Takes Two ya 2021 imetengenezwa kwa watu wawili tu na huwezi kuicheza peke yako hata ukitaka. Kizuri ni kwamba mkiwa mbali mmoja akinunua mwenzake anaweza kuingia bila kununua. Kwa kundi kubwa, Among Us inabeba mpaka watu 15 na haihitaji mtu ajue gemu, inahitaji ajue kudanganya.

Kingine kwa wenye konsoli: gemu nyingi za kulipia ukitaka kucheza onlaini unatakiwa kulipia huduma ya mwezi ya hiyo konsoli juu ya bei ya gemu. Zile za bure kama Fortnite kwenye PlayStation na Xbox hazihitaji. Liweke kwenye hesabu yako.

Hatua ya 5: Pitisha kwenye kifaa chako

Hii ni fupi. Ukurasa wa gemu una viwango viwili, cha chini kabisa na kinachopendekezwa. Cha chini maana yake itawaka. Kinachopendekezwa maana yake itachezeka. Ukiwa chini ya kile cha chini, achana nayo, usidanganywe na video ya mtu aliyeifungua kwenye kompyuta ya miaka 15.

Angalia nafasi, na ongeza ya ziada kwa apdeti. Gemu kubwa za siku hizi kupita GB 100 sio ajabu. Ukikuta imeandikwa inataka SSD (diski ya kasi isiyozunguka) usiiweke kwenye diski ya zamani ya kuzunguka, itakuwa inapakia muda mrefu kuliko unavyocheza. Na angalia kama inahitaji intaneti muda wote. Kuna gemu unacheza peke yako kabisa lakini bila intaneti sehemu kubwa haifunguki, Gran Turismo 7 ni mfano, kwa hiyo mtu mwenye intaneti ya kukatika asome hapo kwa makini.

Kompyuta dhaifu au simu ya kawaida isikukatishe tamaa. Stardew Valley ilitengenezwa na mtu mmoja tu ikatoka 2016, inacheza kwenye mashine ambazo gemu kubwa zinazikimbia, na watu wameiweka mioyoni kuliko gemu za bajeti kubwa. Slay the Spire vile vile, Vampire Survivors vile vile.

Hatua ya 6: Pesa, ya leo na ya kesho

Kuna gemu unalipa mara moja imeisha. Kuna gemu za bure ambazo zinaishi kwa kukuuzia vitu ndani. Za bure zina mbili tena. Za kwanza zinauza nguo na mapambo tu, ukinunua usinunue uwezo wako ni ule ule. Za pili zinauza bahati, unalipa ili uzungushe upate mhusika au silaha, unaweza kupata unaweza kukosa, Genshin Impact ya 2020 ni maarufu kwa mfumo huo. Unaweza kuicheza stori yake bila kutoa hata senti na watu wengi wanafanya hivyo, lakini kama unajijua ni mtu wa "hebu nijaribu mara moja tena", nakuomba kwa dhati usianze na gemu za hivyo. Nunua gemu ya kulipa mara moja, itakutoka pesa kidogo kuliko hiyo ya bure.

Mambo ya kuokoa pesa ambayo wanaoanza hawayajui:

- Kwenye Steam (duka la mtandaoni la gemu za kompyuta) ukinunua gemu ukaona haikufai unaweza kuomba pesa irudi, sharti usiwe umezidisha siku 14 tangu ununue na usiwe umecheza zaidi ya masaa mawili. Duka zingine zina sheria zao, nyingine ngumu sana, zisome kabla ya kulipa.
- Epic Games Store wanatoa gemu ya bure kila wiki kwa kompyuta, ukiichukua inabaki yako.
- Gemu nyingi zina demo, yaani kipande cha kujaribu bure. Jaribu demo.
- Gemu ya miaka mitano iliyopita imeshapunguzwa bei, imeshasahihishwa makosa, na mara nyingi inauzwa pamoja na nyongeza zake. Kwako wewe unayeanza ni mpya kabisa. The Witcher 3 ni ya 2015 na mtu anayeigusa leo hana alichokosa.

Angalizo: wakati wa punguzo kubwa usinunue gemu saba. Nunua moja, cheza, ndo ununue nyingine. Punguzo linarudi tena, kila mwaka linarudi mara kadhaa. Gemu sita zilizolala kwenye maktaba zinakufanya ujisikie una deni, na mtu anayejisikia ana deni hachezi kwa raha.

Hatua ya 7: Chunguza majina matatu

Sasa ndo unatafuta majina, na sasa ukiuliza watu utauliza vizuri. Badala ya "nipeni gemu kali" andika hivi: "Nina dakika 40 usiku, nakatizwa, nimechoka, napenda kujenga na kuzurura, nacheza peke yangu, kompyuta yangu ina RAM GB 8 haina kadi kubwa ya grafiki, sitaki kulipa kila mwezi." Ukiandika hivyo utashangaa majibu yanavyobadilika, watu wanaacha kutaja wanazozipenda wao wanaanza kufikiria wewe.

Chagua tatu, alafu kila moja ifanyie hivi:

1. Tafuta video ya mtu akicheza bila kuongea, ruka mpaka katikati, angalia dakika 20. Mwanzo wa gemu umepambwa, katikati ndo maisha yenyewe. Ukijikuta unataka kumnyang'anya pedi, hiyo dalili nzuri. Ukijikuta umeshika simu nyingine, umepata jibu.
2. Soma rivyu za watu waliocheza masaa mengi na bado wana malalamiko. Hao ndo wanasema kweli. Anayesema "gemu bora ya karne" na anayesema "takataka" wote waache. Lalamiko la "stori inaenda polepole" kwako linaweza kuwa sifa.
3. Ingia tovuti ya HowLongToBeat uone inachukua muda gani kumaliza. Journey ni kama masaa mawili, Portal 2 kama nane au tisa, stori kuu ya The Witcher 3 ni kama masaa 50 na ukigusa vya pembeni unapita 100. Gawanya kwa masaa yako ya wiki. Mtu mwenye masaa matatu kwa wiki, masaa 50 ni miezi minne. Uko tayari? Kama ndiyo twende, kama hapana chukua fupi, kumaliza gemu ya kwanza kunampa anayeanza moyo sana.

Ukiwa unamchagulia mtoto ongeza hili: angalia alama ya umri, ile ya Ulaya ni PEGI yenye namba 3, 7, 12, 16 na 18, na ile ya Marekani ni ESRB yenye herufi kama E, T na M. Hizo alama zinapima yaliyomo, damu, matusi, mambo ya watu wazima, hazipimi ugumu. Gemu ya PEGI 3 inaweza kumtoa jasho mtu mzima, na mtoto wa miaka sita anaweza kulia kwa sababu ni ngumu sio kwa sababu inatisha. Na funga manunuzi ya ndani kwa neno la siri kabla hujampa kifaa, sio baada.

Hatua ya 8: Ijaribu kwa saa na nusu, alafu amua

Cheza kama saa na nusu, ukiweza kwa mikupuo miwili kwenye siku tofauti, na iwe kwenye ule muda wako halisi wa hatua ya 1. Usiijaribu Jumamosi umetulia kama utakuwa unaicheza usiku umechoka. Alafu jiulize: nilipoizima niliwaza kitu nitakachofanya nikirudi? Mikono ilikuwa inafurahia au nilikuwa nasubiri sehemu nzuri ifike? Nilipokatizwa niliweza kuiacha bila hasira?

Majibu mawili yakiwa mazuri, baki nayo. Yote mabaya, omba pesa yako kabla masaa mawili hayajatimia, na usisikilize mtu anayekwambia "ivumilie, inanoga ukifika masaa 20". Masaa 20 kwako inaweza kuwa miezi miwili ya maisha.

Ukikwama

*Najisikia kichefuchefu nikicheza za kuona kwa macho ya mhusika.* Inatokea kwa watu wengi, hauumwi. Ingia mipangilio, panua upana wa kuona (unaandikwa FOV), zima ukungu wa mwendo na mtikisiko wa kamera, washa taa ya chumba, kaa mbali kidogo na skrini. Ukianza kujisikia vibaya acha hapo hapo, ukilazimisha inazidi. Ikigoma kabisa hamia kwenye gemu unazomwona mhusika kwa nyuma au kwa juu.

*Naipenda lakini ni ngumu, nakufa kila saa.* Punguza ugumu. Hamna zawadi ya kuteseka. Celeste ina mipangilio ya kukusaidia mpaka unaweza kupunguza kasi ya gemu nzima, Hades ina msaada unaokuongezea kinga kila ukifa, na The Last of Us Part II ilitoka 2020 na mipangilio zaidi ya 60 ya kuwasaidia wenye shida ya kuona, kusikia au ya mikono. Waliotengeneza wameviweka ili vitumike.

*Kila nikirudi baada ya wiki mbili nimesahau vitufe na stori.* Ratiba yako imekatika katika kuliko ulivyoandika. Kila unapozima andika sentensi moja: niko wapi, nilikuwa naenda kufanya nini. Ikishindikana chukua gemu za raundi, ambazo kila ukiwasha unaanza upya.

*Inakwamakwama.* Shusha kwanza vivuli, alafu ukubwa wa picha, ndo uguse vingine. Vivuli vinakula nguvu ya mashine sana na vikipungua jicho halioni pengo.

*Nasema nacheza nusu saa nashtukia saa nane usiku.* Chagua gemu yenye mwisho unaoonekana, mechi, raundi, sura. Civilization na ndugu zake kila zamu inakuita kwenye zamu inayofuata, hizo zibaki za wikiendi. Na weka alamu kwenye chumba kingine, sio kwenye simu iliyo mkononi.

*Marafiki wote wamehamia gemu nyingine ambayo siipendi.* Cheza nao siku moja kwa wiki kwa ajili yao, siku zilizobaki cheza yako. Unaweza kuwa na gemu ya watu na gemu ya moyo.

*Nimejaribu tano na zote zimenichosha.* Andika hizo tano, na pembeni ya kila moja uandike kitendo chake kikuu. Mara nyingi utakuta zote tano ni kitendo kimoja kimevaa mada tofauti, risasi angani, risasi jangwani, risasi mjini. Rudi hatua ya 3 uchague kitendo ambacho hakimo kabisa kwenye hiyo orodha, chukua gemu fupi ya masaa yasiyozidi kumi yenye kitendo hicho, na ukija kuuliza tena njoo na hiyo karatasi.